Shangazi, mbona viazi vinarojeka na nyama bado ngumu?

*Swali:* Shikamoo shangazi. Niko Cork, Ayalandi, huu mwaka wa pili, namtunza bibi mmoja nyumbani kwake. Ana miaka 88. Kila mara ananiomba nimpikie stu ya kondoo na viazi kama alivyopika mama yake. Nikanunua presha kuka, ile ya kuinjika jikoni, kwa sababu zamu yangu ni fupi. Mara ya kwanza nilitia kila kitu pamoja nikapika dakika 15: nyama ngumu, viazi vimerojeka. Mara ya pili nikatia unga wa ngano ili mchuzi uwe mzito, ukashika chini ukaungua. Wenzangu kazini wanasema nitie karoti na Guinness. Bibi alionja, akaniambia kwa upole, "Hii siyo yenyewe." Nifanyeje?

*Jibu:* Marahaba, mwanangu. Barua yako nimeisoma mara mbili, na hilo neno la bibi ndilo lililonikalisha chini nikujibu kwa kirefu. Mtu wa miaka 88 anayeomba chakula cha mama yake anastahili kukipata kilivyokuwa. Kwa presha kuka yako kitapatikana, tena kwa saa moja na robo hivi, ambapo kwenye chungu cha kawaida ungekaa saa mbili na nusu.

Tuanze na kilichokuharibia. Shingo ya kondoo mkubwa inataka dakika 35 hadi 40 ndani ya presha. Kiazi kilichokatwa nusu kinataka dakika 5. Ukivifungia pamoja kwa dakika 15, nyama umeipunja zaidi ya nusu ya muda wake, na kiazi umekipa mara tatu ya chake. Sasa fikiria unavyopika mchuzi wa nyama na mbatata nyumbani: nyama unaichemsha kwanza mpaka ilainike, unaiunga, ndipo viazi vinaingia. Utaratibu ni huo huo. Presha funga kwa ajili ya nyama, ifungue, halafu tia viazi. Hilo peke yake litakuponyesha nusu ya maradhi.

Nusu nyingine ni kujua chakula chenyewe ni kipi. Stu ya zamani ya Ayalandi, ambayo kwa Kigaeli huitwa stobhach, ni nyama ya kondoo, viazi, vitunguu na maji. Chumvi na pilipili manga, labda kijiti cha thaimu, na pasli, lile jani linalofanana na kotimiri, la kunyunyizia juu. Kondoo walifugwa kwa manyoya na maziwa, kwa hiyo aliyefika chunguni alikuwa ameshazeeka, nyama imekaza. Alitokota taratibu kwa saa nyingi katika chungu cha chuma kilichoning'inizwa juu ya moto wa udongo wa kinamasi, ule wanaoukata kama matofali, wakaukausha na kuuchoma badala ya kuni. Nyama haikukaangwa kwanza. Ndiyo maana stu hiyo ni nyeupe, nyeupe ya maji ya wali, na si ya kahawia kama zile za kwenye picha. Bibi yako akiona kitu cha kahawia ameshajua kabla ya kuonja.

Na kiazi kwao kina uzito ambao mgeni huuona polepole. Kati ya mwaka 1845 na 1852 ugonjwa wa ukungu uliviozesha viazi mashambani mwaka baada ya mwaka. Watu wapatao milioni moja walikufa kwa njaa na maradhi, na zaidi ya milioni moja wakaihama nchi. Bandari ya Cobh, hapo jirani yako, ilikuwa mojawapo ya milango waliyotokea. Nimekula na wazee wengi huku. Sahani ikifika, jicho huanzia kwenye kiazi: kimepasuka ngozi, kina unga, au kimelowa maji? Nyama wanaijadili baadaye.

Basi twende sokoni. Umebahatika kuwa Cork, una English Market katikati ya mji, soko la tangu 1788, na wauza nyama wake wanakusikiliza. Omba shingo ya kondoo iliyokatwa mapande pamoja na mfupa, na ongeza vipande vya bega ambavyo Waayalandi huviita gigot, hutamkwa kama "jigiti". Usichukue paja, ni nyama nzuri ya kuoka, lakini ndani ya presha hukauka na kuwa nyuzinyuzi. Shingo ina ule utando mweupe unaoshikilia nyama na mfupa, na huo ndio unaoyeyuka ukawa utelezi. Utaujua ukionja mchuzi, midomo inanatana kidogo. Mchuzi wa aina hiyo hauhitaji unga wa ngano hata chembe.

Dukani kwa kawaida utapata mwanakondoo wa chini ya mwaka, na huyo dakika 20 hadi 25 za presha zinamtosha. Ukitaka kondoo mkubwa, ambaye ndiye hasa bibi alimla utotoni, jaribu maduka ya nyama ya halali. Huko kondoo mkubwa anauzwa kila siku, kwa sababu wateja wake, sisi tukiwemo, tunaipenda ladha hiyo. Dakika 40 kwa huyo.

Viazi nunua vyenye unga. Rooster, vile vyenye ganda jekundu, viko kila duka na vinafaa. Kerr's Pink vina unga zaidi na ladha nzuri zaidi, ila vina macho ya ndani na kumenya ni kazi. Golden Wonder ni unga mtupu, vizuri sana lakini vinapasuka haraka, kwa hiyo uwe macho. Epuka vile vidogo vigumu vya saladi. Vinabaki kama mawe na havitoi chochote kwenye mchuzi.

Kwa watu wanne au watano, nyama na mifupa yake iwe kilo 1.2, viazi kilo 1.2, vitunguu maji vikubwa 3, maji mililita 600, chumvi vijiko 2 vya chai, pilipili manga ya kusaga, na vijiti 3 vya thaimu. Hapo kwenye maji najua utashtuka. Chungu cha kawaida hupoteza maji mengi kwa mvuke, ndiyo maana tumezoea kujaza. Presha ikishafunga haipotezi karibu chochote, na nyama na vitunguu vitatoa maji yao wenyewe. Ukitia lita moja na nusu, utapata supu. Usishuke chini ya mililita 300 pia, kwa sababu bila maji hakuna mvuke, na bila mvuke hakuna presha. Na chakula kisipite theluthi mbili za kimo cha sufuria.

Kabla ya kuinjika, kagua mfuniko. Nyanyua juu kuelekea dirishani uangalie kitundu cha mvuke kama unaona mwanga upande wa pili. Pitisha kidole kwenye mpira wa mfuniko. Ukiwa umepasuka au umekauka, nunua mwingine kwanza.

Nyama ipunguze mafuta mazito ya nje, lakini usiyamalize. Panga mapande yenye mifupa chini kabisa, kwa kuwa mfupa haushiki sufuria kama wanga unavyoshika. Juu yake weka vitunguu ulivyokata mapande manene. Sasa chukua viazi viwili tu kati ya vyote, vikate vyembamba kama vya kukaanga krispi, uvitandaze juu ya vitunguu. Hivi viwili vimetolewa sadaka: vitayeyuka kabisa kwenye presha na ndivyo vitakavyoupa mchuzi uzito ule uliokuwa unautafuta kwa unga. Tia chumvi, pilipili manga, thaimu, maji. Usikoroge. Funga.

Moto mkubwa mpaka presha ijae, yaani kipini kimenyanyuka au kidude cha juu kimeanza kupiga mluzi. Kuanzia hapo ndipo unahesabu dakika, na kuanzia hapo moto unashuka hadi mdogo, wa kuifanya presha ikae pale pale tu. Naamini hapa ndipo ulipounguzia mara ya pili, unga ukiwa umechangia. Mchuzi mzito hauzunguki ndani ya sufuria kama maji. Unalala chini na joto linaupata ule ule wa chini. Kama jiko la bibi ni la umeme, lile la sahani, kuna jambo moja la kukusaidia sana: sahani hiyo ukiizima au kuipunguza huchelewa kupoa, inaendelea kuichoma sufuria kwa dakika kadhaa. Washa sahani ya pili moto mdogo mapema, na presha ikijaa hamishia sufuria huko. Kama presha yako ingekuwa ya umeme ningekwambia uongeze dakika moja kwa kila tano, kwa kuwa nyingi kati ya hizo hazifikii nguvu ya ile ya jikoni.

Wasomaji walioko Nairobi, Arusha au Kigali nao waongeze vivyo hivyo. Kwenye miinuko hiyo maji huchemka kwenye nyuzi 94 au 95 badala ya 100, na hata ndani ya presha joto halifiki lile la pwani.

Kwa nini inafanya kazi haraka hivyo? Kwenye sufuria ya wazi maji hayapiti nyuzi 100 hata uchochee moto namna gani. Ukiufungia mvuke, unayakandamiza maji yasichemke mapema, na yanafika karibu na nyuzi 120. Ule utando wa shingo unaoyeyuka kwa saa mbili na zaidi kwenye nyuzi 95, huku unamalizika kwa dakika 40. Aliyeligundua hilo ni Mfaransa, Denis Papin, aliyeonyesha chombo chake mbele ya wanasayansi wa London mwaka 1679, na alichokionyesha kilikuwa mifupa iliyolainika. Kabla ya hapo alikuwa akifanya kazi na Robert Boyle, yule wa kanuni ya gesi na shinikizo, na Boyle alizaliwa Lismore, Waterford, mwendo mfupi wa gari kutoka hapo ulipo. Kidude kinachopiga mluzi juu ya mfuniko wako ni mjukuu wa vali aliyoibuni Papin ili chombo kisilipuke. Mwambie bibi, wazee wa huku hufurahi kusikia jambo la kwao.

Muda ukitimia, epua sufuria uiache. Usiipeleke bombani kuimwagia maji baridi, na usiuachie mvuke wote kwa mpigo. Hukuniandikia ulifungua vipi, lakini nahisi ulifanya mojawapo, kwa jinsi viazi vilivyosambaratika. Mchuzi ulio kwenye nyuzi 120 ukiondolewa kikandamizo ghafla huchemka wote kwa pamoja, hata maji yaliyomo ndani ya nyuzi za nyama na ndani ya kiazi. Kiazi kinapasuka kutoka ndani. Nyama inakamuliwa utamu wake nje na kubaki kavu katikati ya mchuzi. Subiri dakika 15. Kipini kikishuka chenyewe, fungua, ukiuelekeza mfuniko mbali na uso.

Utakachoona kwa mara ya kwanza kitakutia wasiwasi: maji ya rangi ya maziwa, mafuta yanaelea, vitunguu vimepotea. Ni sawa. Engua mafuta kwa upawa, maana mafuta ya kondoo huganda upesi na kushika kwenye kaakaa la mdomo, na mtu mzee hilo linamsumbua. Choma nyama kwa uma. Ikiachia mfupa bila kuvutwa, iko tayari. Ikikataa, funga tena dakika 10. Hapo bado hujaharibu kitu, kwa sababu viazi viko mezani.

Nyama ikikubali, itoe na uichambue mifupa. Hili ni la lazima kwako. Shingo ina vifupa vidogo, na presha huvilegeza vikajificha ndani ya mchuzi. Kwa bibi wa miaka 88 pitisha mkono kipande kwa kipande, kisha uchuje mchuzi kwa chujio la matundu makubwa, ukikandamiza vile viazi vilivyoyeyuka vipite. Rudisha nyama na mchuzi kwenye sufuria.

Sasa viazi vilivyobaki, vilivyokatwa nusu, au vizima kama ni vidogo. Vipange juu ya nyama. Mchuzi ufike nusu ya kimo chao tu, nusu ya juu ipikwe na mvuke. Kuna njia mbili. Ya haraka ni kufunga tena presha dakika 5, kuiacha itulie dakika 5, kisha kuuachia mvuke kidogo kidogo. Mimi naipenda ya pili: egesha mfuniko bila kuufunga, moto mdogo, dakika 25. Unapata kama dakika 15 zaidi za kusubiri, lakini kiazi unakiona. Kwenye presha dakika mbili za ziada zinakitoa kiazi kwenye unga kuwa uji, na huna dirisha la kuchungulia.

Kisu kikiingia bila ubishi na kingo za kiazi zimeanza kufumuka kama pamba, hapo fanya jambo nililofundishwa na mama mmoja wa Kerry, jimbo jirani na Cork, niliyefanya naye kazi jikoni. Yeye hakuwahi kutia kijiko ndani ya stu. Alishika masikio mawili ya chungu kwa kitambaa, akakitikisa: kushoto, kulia, kushoto, mara tano au sita, kama anayepepeta mchele kwenye ungo. Kingo za viazi zikasuguana, unga wake ukashukia mchuzini, na mchuzi ukawa mzito pale pale tukiutazama. Viazi vyenyewe vikabaki vizima, vimevaa koti la unga. Nimejaribu njia nyingi za kuongeza uzito na sijaona inayoishinda hiyo.

Kuhusu karoti, wenzako hawajakudanganya. Nyumba nyingi za Ayalandi leo zinatia, na nyingine hutia tanipu au shayiri. Lakini ziko nyumba ambazo karoti ilihesabiwa kuwa inaufanya mchuzi mtamu na kuuharibu weupe wake, na bibi yako anaonekana ametoka nyumba hiyo. Muulize waziwazi: mama yake alitia? Akisema ndiyo, zikate mapande makubwa ziingie pamoja na viazi.

Guinness ni habari nyingine kabisa. Kiwanda kipo Dublin tangu 1759 na stu yake ni tamu, lakini hiyo ni ya nyama ya ng'ombe, ya kahawia, na nyama yake hukaangwa kwanza. Siku ukiipika, ichemshe bia kwanza sufuria ikiwa wazi mpaka ipungue karibu nusu, kwa sababu ukiifungia kwenye presha ikiwa mbichi, ukali wa pombe yake hauna pa kutokea. Ya bibi haina pombe, na ukinunua kondoo wa halali unaweza kula naye bila shaka yoyote.

Najua pia mkono wako utawashwa kutafuta kitunguu saumu, tangawizi, labda na binzari. Uzuie. Na usiioshe nyama kwa ndimu kuondoa ile harufu ya kondoo. Kwetu tunaiondoa, lakini katika stu hii ndiyo ladha inayotafutwa, na ndiyo naamini bibi anaikumbuka. Chumvi ndiyo pekee ya kuangalia: kama daktari amempunguzia, tia nusu mwanzoni, mtengee bakuli lake, kisha ongeza kwenye yenu.

Kwa kuwa zamu yako ni fupi, gawa kazi. Jioni ya kuamkia siku hiyo pika nyama peke yake, ichambue, mchuzi uache upoe, uweke kwenye friji. Asubuhi utakuta mafuta yameganda juu kama sahani nyeupe. Yanyanyue yote kwa mkono mmoja. Chini yake mchuzi umeganda unatikisika. Upashe moto, tia viazi, na kwa dakika 35 mnakula. Viazi usivilaze; vikilala kwenye friji ndani ya mchuzi hupoteza unga wao na ladha hubadilika.

Bakuli lipashe kwa maji ya moto kabla ya kupakua, kwa ajili ya yale mafuta ya kondoo yanayoganda upesi. Kiazi kwanza, nyama ubavuni, mchuzi juu, pasli mwisho kabisa. Mkate wa magadi na siagi pembeni, hapo Cork kila duka la mikate unao. Kisha niandikie umepata viazi gani. Kama ni Golden Wonder, anza kuvichoma kisu dakika ya 18, usingoje 25.